Vestina Niyonsaba na Jalada Lililofungwa

Mimi ni mtu wa Pangani, na mtu wa Pangani akipangiwa kazi Busunzu, jambo la kwanza analofanya ni kununua sweta. La pili ni kulalamika. Nimelalamika huku Kibondo miaka kumi na mmoja: baridi, ukungu, vumbi jekundu, samaki wa kukaushwa. Mwenye nyumba wangu amenisikiliza miaka yote hiyo, wala hajaniambia hata siku moja nirudi kwetu. Huyo ndiye Vestina Niyonsaba, na habari hii ni yake. Nami nimo ndani yake, ingawa si mahali pa kujisifia.

Vestina ni mjane, mfupi, mwenye mikono mipana. Babu yake alivuka kutoka Burundi zamani. Yeye alizaliwa upande huu, na alipopata cheti chake cha uraia alikitia kwenye fremu akakitundika juu ya mlango, karibu na picha ya Bikira Maria. Anauza maharage. Wachuuzi wengine huuza maharage na mawe yake, mnunuzi atajua mwenyewe jino litakapovunjika. Vestina hauzi punje ambayo haijapita kwenye vidole vyake. Hukaa na ungo asubuhi hadi mchana, anachambua, na bei yake ni ile ile ya wenzake. Wanamcheka. Niliwahi kumwambia kwamba anapoteza muda, akanijibu, "Muda ninao, mwalimu. Meno ya watu sina."

Ugomvi wetu wa kwanza ulikuwa wa majina. Alikuja shuleni kumwandikisha mtoto wake wa mwisho darasa la kwanza. Nikamuuliza jina la mtoto, akasema Eveline Niyomwungere. Jina la baba? Marehemu Nduwayezu. Nikamwambia basi mtoto ni Eveline Nduwayezu.

"Hapana, mwalimu. Nduwayezu ni jina lake baba. Mutoto alikuja na lake."

Katika nyumba ile kulikuwa na watu watano wenye majina matano. Mume Nduwayezu, mke Niyonsaba, kifungua mimba Fidele Nkunzimana, wa pili Niyitegeka aliyeolewa Kasulu, na huyu wa mwisho Niyomwungere. Kwao mtoto harithi jina. Anapozaliwa, wazazi humtazama, hutazama na yaliyowapata mwaka ule, kisha humpa jina lake, mara nyingi sala fupi. Kwetu Pangani sisi ni kina Hilali tangu babu wa babu, na ukikuta Hilali huko Muheza ujue ni ndugu, hata kama humtaki. Niliona mtindo wao ni fujo. Nikaandika kwenye rejista Eveline Nduwayezu, nikajiona nimemsaidia. Wiki nzima nilimwita mtoto jina hilo asubuhi asiitike, na mimi nikidhani ni kiburi.

Fidele, yule mkubwa, alikuwa bodaboda. Pikipiki alinunuliwa na mama yake kwa maharage yale yale ya kuchambua, kwa hiyo kadi ilikuwa na jina la mama. Kijana alikuwa anaisugua jioni kuliko alivyojisugua mwenyewe. Aliniita Madamu Pwani. Mwaka niliougua malaria hadi nikaanza kuongea na ukuta, ndiye aliyenifunga kwa kanga mgongoni pake nisianguke, akanifikisha hospitali Kibondo. Sikumlipa. Alikataa.

Mwezi wa sita mwaka 2021 alimpeleka abiria kwenye kambi ya wakimbizi ya Nyarugusu. Wakati wa kurudi, gurudumu lilipata pancha katika kijiji kimoja kando ya barabara, ambacho jina lake nitaliacha, maana wamo watu wema pia. Ilikuwa siku ya soko. Mwezi ule pikipiki mbili zilikuwa zimeibwa pale. Saa moja baadaye Fidele alikuwa amekufa na pikipiki yake imechomwa. Alikuwa na miaka ishirini na mitatu.

Jioni yake redio ilisema mtu anayesadikiwa kuwa mwizi wa pikipiki ameuawa na wananchi wenye hasira kali. Wakamtaja jina.

Sasa naandika jambo ambalo ningependa kuliruka. Kesho yake, katika ofisi ya walimu, mimi Mwamvua Hilali, niliyebebwa mgongoni na kijana yule, nilitia sukari kwenye chai yangu nikasema, "Ndiyo hivyo. Siku za mwizi ni arobaini." Mwenzangu mmoja akaguna, nikaongeza kwamba lisemwalo lipo. Nikanywa chai yangu yote.

Watu wa huku, mtu akifa, majirani huja na kuni na maji, wakakaa na wafiwa siku kadhaa, wakapika, wakaimba, wakalia. Wenye asili ya Burundi huuita msiba huo ikiriyo. Mwizi hakaliwi ikiriyo. Fidele alizikwa na watu sita na katekista mmoja aliyekuwa akitazama njia wakati anasoma sala. Mimi ninayekaa ua ule ule nilikuwa na madaftari ya kusahihisha. Yalikuwa madaftari ya darasa la tatu, mazoezi ya kuzidisha, na yangeweza kungoja hadi leo.

Vestina hakulia. Watu walisema moyo wake mgumu, wakasema mtoto umleavyo ndivyo akuavyo. Wakaacha hata kumwita Mama Fidele. Wakaanza kumwita Mama Eveline, wengine kwa chuki, wengine wakidhani wanamsitiri.

Miezi minane baadaye mpelelezi alimwita. Alikuwa kijana mpole kutoka Singida. Alimsogezea kiti, akamwambia ukweli. Amehoji watu kumi na saba, na wote kumi na saba siku ile walikuwa wamekwenda shamba. Soko lilijaa, ila hakuna aliyekuwepo. Hana shahidi, hana mshukiwa, na jalada limefungwa.

Vestina alirudi nyumbani akaja mlangoni kwangu. Nilidhani amekuja kwa ajili ya bomba lililokuwa linavuja. Akasema, "Mwalimu, wamefunga. Yule kijana alinisemesha vizuri, namshukuru. Lakini wamefunga. Wewe unajua kuandika. Naomba uniandikie."

"Nikuandikie nini?"

"Sijui. Ndiyo maana nimekuja kwa mutu aliyesoma."

Nilikubali haraka mno, kama mtu aliyeshikwa na kitu mkononi. Nilijua kwa nini nakubali. Yeye hakujua, au ndivyo nilivyodhani.

Kibondo mjini, nyuma ya soko, kuna msaidizi wa kisheria anaitwa Josephina. Ofisi yake ni nusu ya chumba; nusu nyingine ni ya fundi cherehani, na ukitaka kusikia sheria lazima ungoje mshono uishe. Tulikaa kwenye benchi, Josephina akaisoma barua ya polisi mara mbili.

"Mama, kwanza ondoa hofu," alisema. "Jalada la mauaji likifungwa halijafa. Kosa la mauaji halipitwi na wakati. Likipatikana jambo jipya, linafunguliwa hata baada ya miaka ishirini."

"Jambo jipya analileta nani?"

"Yeyote yule. Hata mama mwenyewe."

Cherehani ikalia. Iliponyamaza, Josephina akaendelea huku akitafuta kalamu chini ya mafaili. Tungeweza kumwandikia mkuu wa upelelezi wa mkoa, tumwombe ampe mtu mwingine alipitie jalada upya. Tungeweza kuandika Ofisi ya Taifa ya Mashtaka; wale wana uwezo wa kuwaambia wapelelezi warudi kazini. Na kama polisi wenyewe wamemtendea vibaya, iko Tume ya Haki za Binadamu na Utawala Bora.

"Wamekutendea vibaya, mama?"

"Hapana. Walinipa kiti."

Mimi nikachachamaa. Nikauliza kwa nini tusidai fidia, kwa nini tusiwapeleke wauaji mahakamani sisi wenyewe. Josephina akanitazama kwa upole ule unaoudhi.

"Inawezekana, mwalimu. Shauri la madai lipo. Hata mtu binafsi kuendesha mashtaka kwa ruhusa ya hakimu, sheria inaruhusu. Lakini yote mawili yanataka jina la mtu. Unalo?"

Josephina akamgeukia Vestina. "Tusiende mbali. Mama unataka nini hasa?"

Vestina akasema, "Kufungwa watu, Mungu anajua, siwezi kusema sitaki. Lakini mimi nataka mutu mukubwa wa serikali aseme mbele ya watu kwamba mwanangu hakuiba. Ili aliliwe. Mwanangu hajaliliwa."

Josephina aliacha kutafuta kalamu. Akasema iko njia isiyohitaji mshtakiwa. Kifo cha namna ile kinaweza kuchunguzwa mahakamani. Hakimu anakaa, anaita daktari, polisi, ndugu na mashahidi, na mwishoni anatamka aliyekufa ni nani, alikufa wapi, lini, na kwa sababu gani. Hamfungi mtu. Ila anachotamka kinaandikwa, na kinasomwa mbele ya watu.

"Hiyo ndiyo yangu," Vestina akasema.

"Ngoja mama. Hakimu atahitaji kusikia kutoka kwa mtu aliyekuwepo. Bila huyo, atatamka kama redio ilivyotamka."

Niliandika barua tatu jioni ile, kwa mwandiko wangu bora wa ubaoni. Ofisi moja ilijibu baada ya miezi minne, mstari mmoja, kwamba barua yako imepokelewa. Vestina aliitia kwenye mfuko wa nailoni akaihifadhi na cheti cha ubatizo. "Namshukuru aliyegonga muhuri huu," alisema. Mimi nikafoka kwamba hata muhuri wenyewe umepinda, mtu wa kushukuru muhuri ni mtu wa namna gani? Akanijibu taratibu, "Angeweza kuacha kugonga, mwalimu."

Nilimkasirikia kwa shukrani zile. Nilitaka apige kelele ili nami nipate nafuu.

Wiki iliyofuata alinitangazia kwamba atahamisha biashara yake ya Jumatano. Atakuwa anakwenda kuuza katika kijiji kile.

"Utawauzia maharage watu waliomuua mwanao?"

"Na wao wanakula maharage, mwalimu."

Alikwenda. Jumatano ya kwanza alikaa mkabala na pale pikipiki ilipochomwa, akatandika gunia, akaanza kuchambua. Walimjua. Habari ya nani ni mama wa nani haihitaji gazeti. Hakuna aliyenunua hata kikombe. Jumatano ya pili hivyo hivyo, na ya tatu. Hakumuuliza mtu swali. Nilimshauri aulize, mimi mwalimu, kuuliza si ujinga. Akasema wale kumi na saba waliulizwa wakakimbilia shamba. Akiwauliza yeye watakimbilia Burundi.

Mwezi wa pili mwanamke mmoja alinunua kilo moja, bila kumtazama usoni. Juma lililofuata alirudi kununua tatu, akamwambia yamepikwa bila kuchaguliwa na hakuna aliyetafuna jiwe. Ndivyo ilivyoanza. Kila Jumatano jioni aliniletea ripoti, na ripoti yake ilikuwa ya shukrani tupu. Leo mama mmoja amenisogezea kivuli. Leo wamenipa maji ya kunywa. Leo nimeumwa kichwa, wakaniangalizia gunia. Miaka miwili karibu, Jumatano kwa Jumatano, mvua na jua. Josephina naye hakuchoka. Kila miezi mitatu alipeleka barua ya kukumbushia, na kila jibu liliingia kwenye ule mfuko wa nailoni.

Januari mwaka 2024, fundi pancha wa pale sokoni alivuka barabara, akachuchumaa mbele ya ungo wake, akaanza kuchambua maharage pamoja naye. Aliitwa Gasper, mtu wa Rombo, aliyekuja huku kutafuta maisha. Alichambua kimya mpaka wakamaliza ungo mzima. Kisha akasema, "Mama Fidele."

Vestina aliponisimulia alilirudia jina hilo mara mbili. Tangu maziko hakuna aliyekuwa amemwita hivyo.

"Mama Fidele, mimi ndiye niliyesoma ile kadi."

Fidele alikuwa amesimama kwake kuziba pancha. Vijana wakamzunguka, pikipiki hii ya nani, lete kadi. Fidele akatoa kadi na leseni yake bila wasiwasi, tena kwa maringo kidogo, kwa kuwa vilikuwa safi. Vijana wakampa Gasper asome, maana ndiye aliyekuwa na mazoea ya karatasi. Akasoma kwa sauti. Kadi, Vestina Niyonsaba. Leseni, Fidele Nkunzimana. Wakamuuliza Fidele, huyu Vestina ni nani? Akasema ni mama yangu.

"Kwetu Rombo, mama, watoto wote wana jina la ukoo, na mama akiolewa hulichukua hilo hilo. Nikawaambia wale vijana, mama gani huyo mwenye jina lake na mtoto lake? Nilisema hivyo nikicheka. Kweli mama, nilikuwa nacheka. Kisha nikaona jiwe la kwanza. Sikumwona aliyelirusha. Nikapiga kelele waache, hakuna aliyenisikia, nami nikakimbia."

Alisema mwaka mmoja baadaye mkewe alijifungua hospitali Kasulu, na kitanda cha pili alikuwapo mama mwenye asili ya Burundi. Gasper akaiona kadi ya kliniki: mama ana jina lake, baba lake, mtoto lake. Akauliza, wakamweleza. Alitoka nje akakaa chini ukutani. Tangu hapo kila Jumatano alimwona Vestina pale ng'ambo, akakusudia kuvuka, asivuke.

"Wewe ulimwambia nini?" nilimuuliza Vestina.

"Nilimpa maji. Halafu nikamuuliza kama anaweza kumwambia hakimu. Akasema atafungwa? Nikamwambia sijui, twende tukamuulize Josephina."

Josephina hakumdanganya. Alimwambia hawezi kumwahidi kitu. Hakupiga, lakini atahojiwa, na wenzake wa sokoni wanaweza kumgeuka. Gasper akaaga. Jumatano tatu kibanda chake kilifungwa. Nilimwambia Vestina ndiyo basi, mtu wako amepanda basi la Rombo. Jumatano ya nne alifika akiwa amevaa koti, akamwambia yuko tayari, na kwamba mkewe ndiye aliyemwambia avae koti.

Kwa maelezo yake jalada likafunguliwa, na mwezi wa tisa kifo cha Fidele kikachunguzwa mahakamani, mjini Kasulu. Hakimu alikuwa mama wa makamo mwenye miwani. Yule mpelelezi wa Singida alikuwa amehamishwa, lakini alisafiri kuja, na katika bahasha ya jalada alikuwa ameitunza ile kadi na ile leseni, zimefungwa vizuri kwa karatasi, ukingo mmoja wa kadi umeungua. Angeweza kuzitupa. Nilianza kumwelewa Vestina na mihuri yake.

Daktari alisema yake. Gasper alisema yote, pamoja na kicheko, na hakutazama chini. Kisha Vestina akaitwa.

"Mama, marehemu ni mtoto wako wa kumzaa?"

"Ego, ndiyo, Mheshimiwa. Wa kwanza."

"Mbona majina yenu hayahusiani?"

"Mheshimiwa, mimi baba yangu alikuwa Niyubahwe. Mimi ni Niyonsaba. Mume wangu Nduwayezu. Tulipooana tulikaa miaka sita bila mtoto, watu wakasema nimefungwa tumbo. Huyu alipokuja tukasema Mungu aliyetupa huyu tunampenda, tukamwita Nkunzimana. Sasa Mheshimiwa, ningempaje jina la mutu mwingine?"

Hakimu aliandika kwa muda. Nikaitwa mimi, na rejista mbili za shule. Ya zamani, iliyoandikwa na mwalimu mkuu mwenyeji kabla sijafika, ilikuwa wazi: Fidele Nkunzimana, mama Vestina Niyonsaba. Hakimu akaiona na ile ya pili. Akauliza kwa nini mdogo wake ameandikwa Eveline Nduwayezu.

"Nililibadilisha mimi, Mheshimiwa. Mama alinieleza, sikumsikiliza."

Ningeishia hapo. Lakini mdomo wangu ulikwisha kufunguka, nikasikia unasema kwamba nilijua desturi yao ya majina, kwamba kijana yule alinibeba nikiwa mgonjwa, na kwamba siku ya pili ya kifo chake nilisema siku za mwizi ni arobaini, nikanywa chai. Nilisema nikimtazama hakimu kwa sababu sikuweza kumtazama Vestina.

"Hilo sikukuuliza, mwalimu," hakimu akasema, si kwa ukali. "Unaweza kukaa."

Wakati wa mapumziko nilikaa nje peke yangu kwenye ngazi. Vestina akaja akakaa karibu yangu, akamenya ndizi, akanipa nusu.

"Nilijua," akasema. "Ukuta wa ofisi ya walimu ni wa mbao. Nilikuwa nimekuja kuomba ruhusa ya Eveline azike kaka yake."

Miaka miwili na nusu aliniletea barua niandike, huku anajua.

"Kwa nini ukaja kwangu, basi?"

"Ulikuwa na mwandiko mzuri," alisema, akacheka. Kisha akaacha kucheka. "Na nilijua hutachoka. Mutu mwenye aibu hachoki."

Majuma mawili baadaye hakimu alisoma uamuzi. Alisoma kwamba Fidele Nkunzimana, mtoto wa Vestina Niyonsaba, alifariki kwa kupigwa na kundi la watu ambao bado hawajatambuliwa. Kwamba pikipiki aliyokuwa nayo ilikuwa mali halali ya mama yake mzazi. Kwamba hakuna ushahidi wowote kuwa aliiba chochote, pale au kwingine, na waliomuua walimuua mtu asiye na kosa. Akaagiza nakala ipelekwe Ofisi ya Taifa ya Mashtaka, upelelezi uendelee. Hadi leo unaendelea. Vijana wawili wamehojiwa, na Josephina bado anapeleka barua zake za kukumbushia. Huenda wakapatikana, huenda wasipatikane.

Vestina aliomba kusema. Aliposimama aliwashukuru hakimu, karani, daktari, mpelelezi, Gasper na mke wa Gasper. Akamshukuru fundi cherehani wa Kibondo kwa kusimamisha mashine yake kila mara. Watu wakacheka, na hakimu akavua miwani akaifuta.

Jumapili ile katekista aliusoma uamuzi kanisani baada ya matangazo, wote, hadi tarehe na muhuri. Alikuwa yule yule wa siku ya maziko. Alipomaliza alisema, "Na mimi nilisoma sala nikitazama njia. Naomba radhi."

Jumatatu asubuhi nilisikia mlango wa ua. Mwanamke mmoja jirani aliingia na mzigo wa kuni, akautua jikoni bila neno. Nyuma yake wa pili, na ndoo ya maji. Hadi saa nne ua ulikuwa umejaa. Walileta mikeka, walileta unga, wanaume wakakaa upande wao wakawasha moto. Ikiriyo ya mtu aliyezikwa miaka mitatu na ushei iliyopita. Niyitegeka alikuja kutoka Kasulu na wanawe. Gasper alikuja na mkewe na mtoto, akakaa pembeni kabisa, hadi Vestina akatuma akaitwe akae karibu.

Mimi niliomba ruhusa shuleni. Nilikwenda kununua kuni nikajitwika mwenyewe, mtu wa Pangani asiyejua kujitwika, zikaniangukia mara mbili njiani, na watoto wangu wa darasa la nne wakanicheka hadi wakakaa chini. Nilifika na magome kwenye mtandio. Nikazitua, nikaenda kwenye mkeka wa Vestina nikapiga magoti. Ndipo nilipotambua kwamba katika barua zote zile, na safari zote zile za Kibondo na Kasulu, kulikuwa na neno moja ambalo hata mpita njia humwambia mfiwa, na mimi sikuwahi kumwambia.

"Pole, Mama Fidele," nikasema. "Pole sana kwa kufiwa na mwanao."

Hakunijibu kwamba ameshapoa, kama watu tunavyojibu. Aliweka kichwa mapajani mwangu akalia kwa sauti, akimwita mwanawe kwa jina lake lote, kana kwamba amekufa asubuhi ile. Wanawake wote wa ua ule wakaanza kulia pamoja naye. Nami nililia, nikamshukuru Mungu kwa kilio kile.